Nyumba ya milioni saba na nusu, na bei yake hasa

Nyumba yetu ya Kiembeni, Mombasa, ilikuwa na bei moja tu kwenye bango la muuzaji: shilingi milioni 7.5. Vyumba vitatu vya kulala, kibaraza, tangi la maji juu na nafasi ya kuegesha gari moja. Milioni 1.5 tulitoa wenyewe, sehemu kubwa ikiwa akiba ya mke wangu katika sacco ya walimu na kiinua mgongo changu cha kazi ya zamani bandarini. Milioni 6 zilizobaki zilitoka benki Julai 2021, kwa miaka 20, riba asilimia 12.5 kwa mwaka, na mkataba ukasema riba hiyo inaweza kupanda au kushuka. Marejesho ya mwezi yakawa shilingi 68,168.

Ukizidisha hizo kwa miezi 240 unapata 16,360,320. Yaani milioni 6 za benki zinarudi zikiwa 16 na ushee. Watu wengi huifanya hesabu hii, hushtuka kidogo, kisha hujipoza: kodi ya nyumba nayo hupanda kila mwaka, shilingi nayo haikai na thamani yake, na mwisho wa yote nyumba ni yako. Kujipoza huko kuna ukweli ndani yake. Hesabu ambayo watu hawaifanyi ni ya kujua kila awamu inakwenda wapi.

Mke wangu anafundisha hesabu shule ya sekondari. Kabla hatujatia sahihi aliomba ratiba ya marejesho, ile karatasi yenye mistari 240, mstari mmoja kwa kila mwezi. Ofisa akasema tutaipata mkopo ukishatoka. Mke wangu akarudi nyumbani akaitengeneza mwenyewe kwenye kompyuta, akaipiga chapa shuleni, akaitandaza mezani na kuweka rula chini ya mstari wa kwanza. Riba: 62,500. Deni lenyewe: 5,668.

"Baba watoto," akaniambia, "mwezi wa kwanza tutakuwa tumenunua nyumba ya shilingi elfu tano na mia sita."

Hakuna wizi hapo, na ni vizuri hili lieleweke, kwa sababu mitaani husemwa benki inakula riba yote kwanza kwa ujanja. Riba inahesabiwa kila mwezi juu ya deni lililobaki. Deni ni milioni 6, asilimia 12.5 kwa mwaka ni 750,000, gawa kwa miezi 12 unapata 62,500. Ukilipa 68,168, kinachozidi riba ndicho kinachopunguza deni. Mwezi wa pili deni limepungua kidogo, kwa hiyo riba imepungua kidogo. Kasi hiyo mwanzoni ni ya kobe. Mwaka wa kwanza mzima tungelipa 818,000 na deni lipungue kwa 72,000. Mpaka ufike mwaka wa 15 ndipo sehemu kubwa ya awamu inaanza kwenda kwenye deni badala ya riba. Na miaka 15 ikishapita, robo tatu ya safari, karibu nusu ya zile milioni 6 bado unadaiwa. Ukiuza nyumba mwaka wa tano ukidhani umeshamiliki robo yake, wakili atakusomea salio la benki na utatafuta kiti ukae.

Ofisa wa mikopo alikuwa kijana mstaarabu sana. Alituletea chai. Lakini katika mazungumzo yote alikuwa na swali moja: "Kwa mwezi mnaweza ngapi?" Nikisema awamu inatubana, anageuza skrini yake na kuongeza miaka, awamu inashuka, anatabasamu. Mwenye kuuza fedha anapenda sana swali hilo, maana jibu lake huficha urefu wa muda, na muda ndio ghali kuliko kitu kingine chochote katika mkopo wa nyumba.

Tazama mkopo wetu ule ule, riba ile ile. Kwa miaka 25 awamu ingekuwa 65,421. Unapata nafuu ya shilingi 2,747 kwa mwezi, pesa ya mboga na samaki wa siku chache, na kwa nafuu hiyo unalipa zaidi ya milioni 3.2 za ziada. Kwa miaka 15 awamu ingekuwa 73,951. Unaongeza 5,783 kwa mwezi na kuokoa zaidi ya milioni 3. Mara ya kwanza mke wangu aliponionyesha nilimwambia arudie, nikidhani kabonyeza kitufe kisicho chake. Akarudia. Ni hivyo hivyo.

Tuliitaka miaka 15. Benki ikakataa, kwa sababu makato yangu mengine yalikuwa yashakula sehemu ya mshahara, na sheria ya ajira inataka angalau theluthi moja ya mshahara ibaki mkononi mwa mfanyakazi. Tukachukua 20 kwa nia ya kuongeza malipo mambo yakitulia.

Gharama za kuingilia nitazipitia haraka, kwa kuwa hulipwa mara moja na kusahaulika. Ushuru wa stempu mjini ni asilimia 4 ya thamani: laki 3. Kuandikisha rehani yenyewe kuna ushuru mwingine mdogo, asilimia 0.1 ya mkopo: 6,000. Mthamini, ambaye benki humchagua na wewe humlipa. Wakili wako. Wakili wa benki, naye unamlipa wewe, jambo ambalo mama yangu mzazi hadi leo halimwingii akilini. Ada ya benki ya kushughulikia mkopo. Jumla ilikaribia laki 6, pesa taslimu, juu ya ile milioni 1.5. Baada ya hapo bima ya maisha na bima ya moto, karibu 3,500 kwa mwezi, na kodi ya ardhi ya kaunti, na ada ya mtaa ya taka na askari wa langoni. Hakuna hata moja kati ya hizi iliyokuwa ndani ya ile 68,168.

Sasa nije kwenye riba inayotembea, maana hapo ndipo nilipojifunza zaidi.

Waliokopa kati ya Septemba 2016 na Novemba 2019 walikuwa na kinga. Sheria ilizuia benki za Kenya kutoza zaidi ya asilimia 4 juu ya riba ya Benki Kuu, ile ambayo riba za benki nyingine huifuata. Kinga ile ilikuwa na ubaya wake, benki ziliwakwepa wakopaji wadogo, na mwishowe ikafutwa. Sisi tulikopa baada yake. Julai 2021 riba ya Benki Kuu ilikuwa asilimia 7 na kila mtu alizungumza kana kwamba ingekaa hapo milele. Juni 2023 ilifika 10.5. Desemba mwaka huo 12.5. Februari 2024, dola ikiwa imetoka kuvuka shilingi 160, ikafika 13.

Barua ya kwanza ilitufikia katikati ya 2023. Sheria ya Ardhi ya 2012 inataka benki ikupe notisi ya maandishi ya siku 30 kabla ya kubadilisha riba, na notisi ilikuja kama inavyotakiwa, ukurasa mmoja. Riba yako sasa ni asilimia 13.5. Ili kukulinda wewe mteja wetu, tutaacha awamu yako kama ilivyo na kurekebisha muda wa mkopo. Mpaka hapo mtu anapumua: awamu haijaguswa! Jirani yetu wa nyumba ya tatu alipata barua kama hiyo akaikunja akaiweka kabatini.

Mke wangu alikaa nayo jioni nzima. Tulikuwa tumelipa miaka miwili na tunadaiwa milioni 5.846. Kwa riba ya 13.5, riba ya mwezi peke yake ni 65,771. Ukitoa kwenye 68,168 unabaki na 2,397 za kupunguza deni. Kwa mwendo huo miaka 18 iliyobaki ingekuwa 25. Miaka saba imeongezwa kwa sentensi moja yenye neno "kukulinda". Kubaki na ile miaka 18, awamu ilipaswa kuwa 72,216, yaani nyongeza ya shilingi 4,048 kwa mwezi. Tofauti ya jumla kati ya njia hizo mbili ni takriban milioni 4.8.

Tuliandika barua siku ya pili yake kuomba awamu ipandishwe na muda ubaki. Dada wa kaunta aliisoma, akaniangalia, akaisoma tena. "Wateja huomba ishushwe," akasema. Aligonga muhuri kwenye nakala yetu, na nakala ile tunayo, kwa sababu kwenye benki kitu kisicho na muhuri ni hadithi.

Barua ya pili ilikuja Aprili 2024. Asilimia 16.5. Safari hii hawakutaja kurefusha muda, na sababu yake ni ya kihesabu kabisa: riba ya mwezi ilikuwa imefika 79,552, kubwa kuliko awamu nzima tuliyokuwa tukilipa. Ungeendelea na 72,216 deni lingekuwa linakua huku unalipa kila mwezi bila kukosa. Awamu mpya ikawa 84,558. Tangu siku ya kutia sahihi mpaka hapo ni ongezeko la zaidi ya 16,000 kwa mwezi, na mshahara wa mwalimu na wangu haukuwa umeongezeka kwa kiasi hicho, tena wakati huo huo payslip ilikuwa imeshaanza kukatwa ushuru wa nyumba wa asilimia 1.5 wa kugharimia nyumba za watu wengine. Nilicheka. Ungefanyaje?

Tuliuza pikipiki, tukahamisha mtoto wa pili kutoka shule ya basi kwenda shule ya kutembea kwa miguu, na mke wangu akaanza masomo ya ziada ya jioni kibarazani. Simlaumu mtu. Ila nasema hivi kwa anayekopa kwa riba inayotembea: usiulize kama unaiweza awamu ya leo. Piga hesabu ya riba ikipanda kwa pointi nne, uone kama utabaki umesimama. Kwetu zilipanda nne kamili ndani ya miaka mitatu.

Yule jirani wa nyumba ya tatu aliniambia wakati huo nisihangaike, kwamba Kenya kuna sheria riba haiwezi kupita mkopo wenyewe, kwa hiyo ukishalipa milioni 12 kwa mkopo wa milioni 6 umemaliza. Nimeisikia kauli hii hata misikitini na kwenye matatu. Sheria hiyo ipo, kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, lakini inahusu mkopo ulioacha kulipwa. Tangu siku mkopo unapohesabiwa kuwa mbovu, riba inayoendelea kujilimbikiza haiwezi kuzidi deni lililokuwepo siku hiyo. Wewe unayelipa vizuri kila mwezi haikuhusu hata kidogo, na unaweza kulipa mara tatu ya ulichokopa bila mtu kuvunja sheria yoyote. Akaniuliza kwani sheria inamlinda asiyelipa kuliko anayelipa? Sikuwa na jibu zuri la kumpa.

Kuna nafuu moja ya serikali ambayo wengi hawaidai. Ukikopa kununua au kujenga nyumba unayoishi mwenyewe, riba unayolipa hutolewa kwenye mapato kabla ya kodi kukatwa: hadi 300,000 kwa mwaka zamani, na 360,000 tangu mwisho wa Desemba 2024. Kwa mtu aliye kwenye daraja la kodi la asilimia 30, hiyo ni shilingi 9,000 kwa mwezi zinazobaki kwenye mshahara. Unapeleka cheti cha riba kutoka benki kwa mwajiri, au unadai KRA, mamlaka ya kodi, unapowasilisha ritani ya mwaka. Kazini kwangu nilikuta wenzangu wenye mikopo ya miaka mingi hawajawahi kuomba cheti hicho.

Tena kuna suala la kulipa zaidi, na hapa mwenzangu mmoja kazini alikutwa na jambo la kuudhi. Mwisho wa mwaka alipata bonasi, akaweka 150,000 kwenye akaunti ya mkopo na kwenda zake akiwa na furaha. Miezi kadhaa baadaye akauliza salio, akakuta deni liko pale pale lilipotakiwa kuwa kwenye ratiba ya zamani. Benki yake ilikuwa imezihesabu zile pesa kuwa awamu za mbele, ikawa inazichota mwezi hadi mwezi. Hakuwa ameandika kwamba ni za kupunguza deni lenyewe. Alilalamika, akaambiwa mfumo ndivyo unavyofanya. Mke wangu alipiga hesabu hiyo kwa mkopo kama wetu: 150,000 zikiingia kwenye deni mwishoni mwa mwaka wa kwanza, riba ikibaki 12.5, zinafuta miezi 21 ya mwisho, zaidi ya milioni 1.4 za marejesho. Pesa hizo hizo zikiingia mwaka wa 17 hazina nguvu hiyo hata chembe. Kwa hiyo barua iandikwe, iseme wazi pesa zipunguze mkopo na muda ufupishwe, ipigwe muhuri, na mwezi unaofuata uombe ratiba mpya. Soma pia mkataba kama kuna adhabu ya kulipa mapema.

Watu huniuliza kama ningekwenda njia nyingine. Nyumba za mikopo Kenya ni chache mno. Benki Kuu ilihesabu mikopo ya nyumba elfu 30 hivi nchi nzima mwishoni mwa 2023, kwa hiyo sisi ndio tulio wa ajabu, na walio wengi hujenga. Kaka yangu anajenga Mtwapa kwa mkopo wa sacco, msingi mwaka huu, kuta mwaka ujao, mabati Mungu akijalia. Halipi riba kama yangu. Lakini analipa kodi ya nyumba anayoishi, saruji aliyoianza kwa bei moja sasa ina bei nyingine, na nondo zake zimeibwa zikiwa zimeshafungwa. Naye hana hesabu ya jumla, na akiifanya sidhani kama atanicheka sana. Rafiki yangu wa Mji wa Kale hakutaka riba kabisa, akaenda benki ya Kiislamu: wananunua nyumba pamoja, yeye anaipangisha sehemu ya benki na kuinunua kidogo kidogo mpaka iwe yake yote. Moyo wake umetulia, na hilo lina thamani. Kwa mfuko tu, tulipolinganisha karatasi zetu, jumla zake na zangu hazikupishana kwa kiasi cha kujivunia. Ambao kweli wana unafuu ni waliopata mikopo inayopitia KMRC, kampuni iliyoundwa 2018 kuzipa benki na sacco fedha za bei nafuu ili mteja atozwe chini ya asilimia 10. Kwa asilimia 9.5 mkopo kama wetu ungekuwa na awamu ya karibu 56,000. Tawi letu halikututajia habari hiyo, na mimi siku hizi humwambia kila anayenijia aanze kuuliza hapo, tena aulize na sacco yake.

Riba ya Benki Kuu ilianza kushuka Agosti 2024, na Oktoba 2025 ilikuwa 9.25. Riba za benki hupanda kwa lifti na kushuka kwa ngazi. Tuliandika barua, tukaandika nyingine, tukataja viwango vya Benki Kuu na tarehe zake, na Oktoba hiyo yetu ikashushwa hadi 14.5. Tulikuwa tumeshalipa zaidi ya milioni 3.8 na bado tunadaiwa milioni 5.68.

Benki ilipendekeza awamu mpya ya 76,595, nafuu ya karibu elfu 8 kwa mwezi. Tulizitazama elfu 8 hizo kwa muda, maana kulikuwa na karo na gari lilikuwa linadai klachi. Kisha tukaomba awamu ibaki 84,558. Kwa riba ya sasa miezi 189 iliyobaki inakuwa 140. Karatasi mpya iko ndani ya mlango wa kabati la jikoni, na mke wangu huipiga mstari kila tarehe 28.